Shingo iliyojikunja tena: kisa cha mtoto aliyeungua moto Dar es Salaam, na somo tulilolikuta katika maisha ya mpasuaji Archibald McIndoe

## Kuhusu kisa hiki

Mgonjwa anayezungumziwa hapa ni mtoto wa kike aliyefikishwa kwetu akiwa na umri wa miaka saba. Jina lake, mtaa wake, shule yake na hospitali zote alizopita zimeachwa, na baadhi ya mambo madogo yamebadilishwa ili asitambulike. Mama yake na bibi yake wameridhia kisa kiandikwe. Nilikuwa mmoja wa madaktari wa timu iliyomhudumia, kwa hiyo makosa yatakayotajwa ni yetu, na mimi ni mshiriki wayo. Ninakiandika kwa ajili ya madaktari vijana, wauguzi na wataalamu wa viungo, kwa kuwa ngozi tuliyompandikiza shingoni ilishika vizuri kuliko tulivyotarajia, na bado haikupita hata miezi mitatu shingo ile ikawa imejikunja tena.

## Usuli

Familia iliishi katika chumba kimoja cha kupanga wilayani Temeke: mama, bibi mzaa mama, na watoto watatu. Mama alikuwa akikaanga vitumbua na kuviuza alfajiri kwenye kituo cha daladala, kazi iliyomtoa nyumbani saa kumi usiku na kumrudisha saa nne asubuhi. Siku ya ajali, jiko la mchina liliongezwa mafuta ya taa huku tambi zikiwa bado zinawaka. Moto uliruka, ukashika gauni la mtoto lililokuwa la kitambaa chepesi cha nailoni, na kabla hajavuliwa ulikuwa umemuunguza kidevu, shingo yote ya mbele na sehemu ya juu ya kifua.

Majirani walikimbilia kumpaka dawa ya meno na ute wa yai. Hawakumtakia mabaya, ila maji safi ya bomba yaliyokuwa hatua chache kutoka mlangoni hayakuguswa. Kumwagia maji yasiyo ya barafu mahali palipoungua kwa muda wa dakika 20 hupunguza kina cha jeraha, na ndiyo huduma ya kwanza ambayo nyumba yoyote ya Dar es Salaam ingeweza kuitoa bila kununua kitu. Alipelekwa zahanati kwa bajaji, na jioni ile akapewa rufaa ya kwenda hospitali.

Huko alikaa wodini wiki saba. Vidonda vilisafishwa na kufungwa kwa gozi yenye vaselini mpaka vikafunga vyenyewe. Hakupandikizwa ngozi. Nimesoma faili lake kwa makini, na ninaelewa kwa nini wenzetu waliamua hivyo: damu yake ilikuwa kidogo, foleni ya chumba cha upasuaji ilikuwa ndefu, na kila baada ya siku tatu kidonda kilionekana kimepungua. Tatizo ni kwamba kidonda cha moto chenye kina kirefu hupungua kwa kujivuta. Kingo zake husogeleana, na shingoni, mahali penye ngozi laini na kiungo kinachokunjika wakati wote, kinachosogea ni kidevu kuelekea kifuani. Pia mtoto alilazwa na mto chini ya kichwa muda wote ule, kwa nia njema ya kumstarehesha, naye akapona katika mkao uleule wa kuinama.

Alipofika kwetu ilikuwa mwezi wa kumi na moja tangu aungue. Kovu nene lilikuwa limeunganisha kidevu na kifua, mdomo wa chini umevutwa na kugeuka nje, mate yanamtoka bila kukoma. Hakuweza kutazama juu. Ili amwone mtu mzima usoni ilimbidi apinde mgongo kwa nyuma. Shule alikuwa ameiacha mwenyewe. Asubuhi alikuwa akijifunika mtandio na kukaa nyuma ya mlango.

## Upasuaji wa kwanza na sababu za maamuzi

Uamuzi mgumu kuliko yote haukuhusu ngozi, ulihusu pumzi. Mtoto ambaye kidevu chake kimeshikana na kifua hawezi kulazwa na kuingizwa mpira wa hewa kooni kwa njia ya kawaida, kwa sababu kichwa hakirudi nyuma na mtaalamu wa usingizi haoni njia. Akipewa dawa za kulegeza misuli na mpira ukakataa kuingia, dakika zinazobaki ni chache mno. Mtaalamu wetu wa usingizi alisimamia jambo hili kwa utulivu ambao bado ninauhusudu. Alimpa ketamini, dawa ya usingizi, mtoto akaendelea kupumua mwenyewe. Sisi tukachoma dawa ya ganzi iliyochanganywa na adrenalini kwenye kovu, tukalikata kwa kulivuka kutoka upande hadi upande mpaka shingo ikafunguka, na hapo ndipo mpira wa hewa ulipoingizwa bila taabu.

Tulipomaliza kukata, pengo lilikuwa kubwa kuliko kovu lenyewe lilivyoonekana, jambo ambalo humshangaza kila daktari mgeni wa kazi hii. Tulichuna ngozi kwenye paja, tukaichukua nene kiasi kwa kuwa ngozi nyembamba hujivuta zaidi inapopona, na hatukuitoboa matundu ya wavu ingawa tungeokoa eneo, kwa kuwa wavu nao hujivuta na huacha alama za visanduku. Tukaishona, tukaikandamiza kwa bunda la pamba lililofungwa kwa nyuzi, tukamlaza bila mto huku mabega yameinuliwa.

Siku ya tano tulifungua. Karibu ngozi yote ilikuwa imeshika, ina rangi ya uhai. Tulipiga picha, tukapongezana, na mama alilia. Siku ya kumi na mbili aliruhusiwa akiwa amevaa kola ya sponji iliyonunuliwa dukani, na mama akaelezwa ukumbini, katikati ya kelele za wagonjwa wa nje, kwamba kola isivuliwe na kwamba arudi baada ya wiki mbili.

## Tulivyompoteza

Hakurudi baada ya wiki mbili. Alirudi baada ya wiki tisa, na tulipomwambia atazame dari, macho yalipanda ila kidevu hakikufuata. Karibu nusu ya kile tulichokifungua kilikuwa kimefungwa tena.

Daktari mwenzangu alimwuliza mama, kwa sauti iliyobeba lawama, kwa nini hakufuata maelekezo. Bibi ndiye aliyejibu. Alisalimiwa kwanza, akaitikia marahaba, kisha akasema: “Wanangu, mtoto huyu analala na mimi. Mama yake anatoka usiku. Lile gamba mlilomvisha lilikuwa linamkaba, jasho linamchuruzika, analia mpaka asubuhi. Nililivua mimi, na hakuna aliyeniambia nisilivue.”

Ilikuwa kweli. Katika faili lote lenye kurasa nyingi hapakuwa na mahali hata pamoja palipoandikwa nani analala na mtoto. Tuliendelea kuuliza, na mengine yakajitokeza. Ilikuwa Januari, joto la kaskazi limekaza, na sponji ile haikupitisha hewa. Kwenye daladala abiria walimkodolea macho, mmoja akamwuliza mama kama mtoto ana ugonjwa wa kuambukiza. Kuja kliniki kulihitaji daladala mbili kwenda na mbili kurudi, pamoja na kupoteza mauzo ya siku nzima. Na darasani, siku moja aliyojaribu kurudi, walimbandika jina la utani ambalo sitaliandika.

## Mtu ambaye maisha yake tuliyarudia

Katika kikao cha kujadili kisa hiki, daktari bingwa aliyetufundisha hakuanza na mbinu za kisu. Alianza na maisha ya Archibald McIndoe, na kwa kuwa yalibadilisha mpango wetu nitayaeleza kwa urefu kidogo.

McIndoe alizaliwa mwaka 1900 Dunedin, New Zealand, mji uleule alikozaliwa binamu yake Harold Gillies mwaka 1882. Gillies ndiye aliyeweka misingi ya upasuaji wa kurekebisha sura wakati wa Vita ya Kwanza ya Dunia, kwa askari waliovunjwa nyuso na risasi na vyuma vya mabomu. Katika hospitali iliyofunguliwa Sidcup, Uingereza, mwaka 1917 aliendeleza njia ya kuhamisha ngozi ikiwa imekunjwa mfano wa bomba huku bado imeshikamana na damu yake. McIndoe kwanza alikuwa mpasuaji wa tumbo, akafanya kazi katika hospitali ya Mayo Clinic huko Marekani, na alipohamia London mwaka 1930 ndipo Gillies alipomvuta kwenye fani yake.

Vita ya Pili ilipoanza, McIndoe alipelekwa hospitali ndogo ya mji wa East Grinstead, kusini mwa London, kuwahudumia wanahewa wa Uingereza walioungua ndani ya ndege zao. Tiba ya moto ya wakati huo ilikuwa kupaka asidi ya taniki, iliyogeuza kidonda kuwa gamba gumu. Gamba hilo liliviringisha vidole na kuharibu kope. McIndoe aliona kwamba marubani walioangukia baharini walipona vizuri kuliko walioangukia nchi kavu, akaipinga asidi ile hadharani, akaanza kuwaogesha wagonjwa maji ya chumvi yenye uvuguvugu na kuwapandikiza ngozi mapema.

Hayo yanafundishwa vyuoni. Kinachotajwa kwa haraka na kuachwa ni kile alichokifanya nje ya chumba cha upasuaji. Gillies, pamoja na ukuu wake, alifanya kazi katika mji ambao mabenchi ya barabarani yalipakwa rangi ya buluu ili wapita njia wajue kwamba anayeketi hapo huenda ana sura ya kutisha, wajiandae au wapite mbali. McIndoe alitaka mji wa namna nyingine. Alikwenda kwa wakazi wa East Grinstead akawaomba wawaalike vijana wake majumbani, wale nao, wawatazame usoni wanapozungumza nao. Aliwaruhusu wagonjwa wavae sare zao badala ya nguo za hospitali, akavumilia kelele na pombe wodini, kwa sababu alijua kijana atakayehitaji kurudi mezani mara kumi, wengine mara thelathini, hatarudi kama wodi ni gereza na mtaa ni adhabu. Wagonjwa hao walianzisha chama chao mwaka 1941 wakakiita Klabu ya Simbilisi, kwa kuwa walijihesabu kama wanyama wa majaribio, na kufikia mwisho wa vita kilikuwa na wanachama 649. Watu wa mji ule walikuja kujulikana kuwa ni watu wa mji usiokodoa macho.

Kuna uzi unaomfikisha hadi kwetu. McIndoe alikuwa na shamba Tanganyika, kwenye miteremko ya Kilimanjaro, na mwaka 1957 yeye pamoja na wanafunzi wake wawili, Michael Wood na Tom Rees, wote wapasuaji wa kurekebisha maumbile, walianzisha huduma ya madaktari wa ndege iliyokuja kuwa shirika la AMREF. Alifariki mwaka 1960. Ninapenda kuwakumbusha wanafunzi kwamba shirika ambalo wengi wanalijua kwa chanjo na visima vya maji lilitoka mikononi mwa watu waliokuwa wakishona nyuso, waliokwisha kuona kwamba mgonjwa akiwa mbali na kliniki, kliniki ndiyo inayopaswa kusafiri.

## Mpango wa pili

Tulikataa kukimbilia kisu. Kovu lilikuwa jekundu na gumu, bado lina nguvu ya kujivuta, na kulikata wakati huo kungezaa kovu lingine lenye hasira ileile. Tuliamua kulilainisha kwanza kwa miezi kadhaa.

Kishikizo kipya cha shingo, badala ya kola ile, kilitengenezwa na mtaalamu wetu wa viungo kutokana na bomba la plastiki la maji, akalipasha moto mpaka likalainika, akalikunja kwa kipimo cha shingo ya mtoto iliyotengenezewa umbo kwa plasta, akalitoboa matundu mengi ya kupitisha hewa. Bibi mwenyewe alishona vifuniko viwili vya ndani kwa khanga kuukuu, kimoja kikifuliwa kingine kinavaliwa. Mafunzo hayakutolewa ukumbini tena. Bibi alikaa na muuguzi muda wa asubuhi nzima, akajifunza kulisinga kovu kwa mafuta ya nazi mara tatu kwa siku kwa kidole gumba kinachokandamiza mpaka kovu liwe jeupe, akalirudia zoezi hilo mbele yetu, na akatufundisha sisi kwamba mtoto hutulia akisimuliwa hadithi wakati wa kusingwa.

Afisa ustawi wa jamii aliandika msamaha wa gharama za kliniki, na tukapanga mtoto aonwe kila wiki katika kituo cha afya cha karibu na kwao, aje kwetu mara moja tu kwa mwezi. Jirani mwenye simu nzuri alikubali kutuma picha ya shingo kila Jumapili, mtoto akitazama mbele na kisha akitazama juu. Jumapili mbili picha haikuja. Muuguzi alipiga simu Jumatatu yake, na mara zote mbili kishikizo kilikuwa kimelegea mkanda.

Kisha tukafanya kile ambacho kisingewezekana bila kisa cha East Grinstead. Kwa ruhusa ya mama, muuguzi wetu alikwenda shuleni. Alizungumza na mwalimu wa darasa kwanza, halafu na wanafunzi, akawaeleza moto unafanya nini kwenye ngozi, kwa nini mwenzao anavaa kitu shingoni, na kwamba hakiambukizi. Akawaruhusu wakishike kishikizo cha mfano na wakijaribishe shingoni mwao. Mjumbe wa mtaa naye alipita kwenye nyumba za jirani na kituo cha vitumbua akisema maneno hayohayo. Sina kipimo cha kuonyesha jambo hili lilichangia kiasi gani. Ninajua tu kwamba wiki ya tatu baada ya hapo mtoto alikuja kliniki bila mtandio.

Miezi minane baada ya kuanza mpango huu tulimrudisha chumba cha upasuaji. Kazi ilikuwa ndogo mno kuliko ile ya kwanza: kamba moja ya kovu upande wa kushoto ilifunguliwa kwa mikato ya umbo la Z, na kipande kidogo cha ngozi kikaongezwa chini ya kidevu. Safari hii mpira wa hewa uliingia kwa njia ya kawaida. Kishikizo kilirudishwa mara tu kidonda kilipokauka, na bibi ndiye aliyekifunga.

## Matokeo

Miaka miwili baadaye mtoto anafunga mdomo vizuri, mate hayamtoki, anatazama dari na kugeuza shingo pande zote mbili, upande wa kushoto kwa upungufu kidogo. Yuko shuleni, ingawa alirudia darasa. Ngozi ya shingo ni nyeusi kuliko ya uso na ukingo wake unaonekana wazi. Kifuani pana kovu lililovimba ambalo humwasha nyakati za joto, na sindano tulizolichoma zimelipunguza bila kulimaliza. Mama ameacha jiko la mchina, anatumia mkaa. Nalo lina hatari zake, na tumezungumza naye kuhusu mahali pa kuliweka.

## Uchambuzi

Kilichofaulu tangu mwanzo ni usimamizi wa pumzi na uchaguzi wa ngozi. Maamuzi yale mawili ningeyarudia kesho bila kubadilisha kitu. Mpango wa pili ulifaulu kwa sababu kila kipande chake kilimfuata mtoto mahali alipokuwa anaishi saa 24: kitandani kwa bibi, darasani, kwenye daladala. Khanga, mafuta ya nazi na bomba la maji havikuwa vya kubabaisha. Vilifaa kwa kuwa vinapatikana, vinafuliwa na watu wanaovishika wanavijua.

Kushindwa kwetu kwa mara ya kwanza tulikuita kwenye faili “mgonjwa hakufuata maelekezo”. Sentensi hiyo niliiandika mimi, na niliifuta baada ya kikao. Tulitoa maelekezo kwa mtu asiyekuwepo usiku, kuhusu kifaa kisichovumilika kwa joto la pwani, tukampa tarehe ya kurudi ambayo ilimgharimu riziki ya siku. Ngozi iliyopandikizwa shingoni huendelea kujivuta kwa miezi sita na zaidi, na kovu huchukua mwaka mmoja au miwili kukomaa. Upasuaji wenyewe ulichukua saa tatu. Tulitayarisha saa tatu kwa wiki nzima, na miezi ile yote tuliitayarisha kwa dakika tano za ukumbini.

Liko kosa la mapema zaidi ambalo mpango wa pili haukuweza kulifuta. Kama wiki ya tatu ya kulazwa kwake mara ya kwanza angepandikizwa ngozi, akalazwa bila mto na kuvishwa kishikizo, huenda tusingekutana naye kabisa. Tangu kisa hiki tumekuwa tukienda mara kwa mara kwenye wodi za wenzetu kuangalia watoto walioungua shingo, kwapa na viganja ambao vidonda vyao vimepita wiki tatu bila kufunga, na kuwaombea nafasi ya upasuaji mapema. Si kila mara tunaipata. Mto, hata hivyo, tunauondoa siku hiyohiyo, na muuguzi anaandika kwenye ukurasa wa kwanza wa faili jina na uhusiano wa mtu anayelala na mtoto.

Binti huyu bado anakua, na ngozi ya kupandikizwa haikui kwa kasi ya mwili unaoizunguka. Tunatarajia atahitaji kufunguliwa tena atakapofikia umri wa kubalehe, na bibi ameshalijua hilo. Miadi yake ijayo ni baada ya miezi sita, katika kituo cha karibu na kwao.